Dereva Asilipe Sensa Ambayo Hakuna Aliyeipima

Ndugu wafanyi kazi,

Kuna mtindo wa kula mshahara wa dereva ambao, kwa kuwa umevaa nguo za elimu, wengi wetu tunauinamia kichwa. Zamani bwana akitaka kukukata pesa alisema umevunja taa au umepoteza jeki, na jambo hilo lilionekana kwa macho. Siku hizi motokaa inaunganishwa na kimashine cha kusoma kompyuta, inatoka namba, na fundi anatamka, "Sensa ya throto imekufa." Bwana anauliza bei tu. Mwisho wa mwezi dereva anakuta mshahara umepungua, na akiuliza anajibiwa ati yeye hukanyaga eksileta kama mwehu mpaka akaiua sensa.

Nasema bila kuuma maneno: katika watu watatu hao, yaani bwana, fundi na dereva, mara nyingi hakuna hata mmoja aliyeipima hiyo sensa. Imehukumiwa bila shahidi, na dereva amehukumiwa pamoja nayo.

Sensa hii si mzimu. Ni kitu kidogo cha plastiki kilichofungwa ubavuni mwa throto, yaani ule mlango wa kuingizia hewa katika injini, na kwa kawaida hushikwa na skrubu mbili. Ndani yake mna njia nyembamba ya kaboni, na mkono mdogo unaotembea juu ya njia hiyo kadiri shafti ya throto inavyozunguka. Nyaya zake ni tatu. Mmoja waleta volti 5 kutoka kwa kompyuta, mmoja ni athi, na wa tatu hurudisha habari. Mguu wa dereva ukiwa juu, waya wa habari huwa na karibu nusu volti. Akikanyaga mpaka mwisho hufika karibu volti 4.5. Kila motokaa ina vipimo vyake katika kitabu chake, lakini nyingi huchezea hapo. Kompyuta husoma volti hizo ijue mguu unataka nini, ikaongeza au kupunguza petroli, na katika motokaa ya giaboksi ya otomatiki habari hiyo hiyo husaidia kuchagua gia.

Kwetu sisi wa reli jambo hili si geni. Dereva wa lokomotivu ya dizeli hamwagi mafuta kwa mkono wake. Ana mkono wenye vituo, katika lokomotivu nyingi vituo 8, na kila kituo ni ujumbe wa umeme unaoiambia injini ifanye kazi kiasi gani. Ujumbe ukiharibika njiani injini hukosea. Basi hatumwiti dereva mwehu. Tunachukua mita, tunafuata waya.

Sasa hiyo hadithi ya kukanyaga kwa nguvu. Mwenye kuisema hajapata kuifungua throto hata siku moja. Ukikanyaga mpaka mwisho, nguvu ya mguu hupokewa na kizuizi cha chuma kilicho katika pedali au katika throto yenyewe. Sensa haibebi uzito wowote. Inazungushwa tu na shafti. Kinachoimaliza ni kule kwenda na kurudi kwa mkono mdogo juu ya kaboni, mwaka baada ya mwaka, pamoja na joto la injini na mtikisiko. Tena hulika zaidi karibu na mwanzo wa njia, pale ambapo throto hushinda katika mwendo wa kawaida, wala si kule mwisho ambako ati mwehu hukanyaga. Ni uchakavu kama wa bleki na tairi. Nani alimkata mtu mshahara kwa sababu tairi limelika baada ya kutembea?

Kaboni ikikatika mahali, habari hupotea kwa nukta moja. Injini husitasita unapoanza kukanyaga, au huzima kwenye taa za barabarani, au mzunguko hupanda na kushuka wenyewe mguu ukiwa juu, na giaboksi ya otomatiki hubadilisha gia kwa kishindo. Huu si mchezo. Dereva aliyetoka kulipita lori kwenye mlima wa Kinungi, katika barabara ya Nakuru, akakosa nguvu akiwa upande wa magari yanayokuja, hana nafasi ya kuandika barua ya malalamiko. Ndiyo sababu nasema kubahatisha si kosa la pesa peke yake. Motokaa iliyowekwa spea isiyokuwa na kazi hurudi barabarani na ugonjwa ule ule, na dereva ameambiwa imepona.

Maana dalili hizo zote zaweza kuletwa na kitu kingine. Mpira wa hewa uliopasuka. Throto iliyoganda masizi. Kebo ya eksileta iliyokazwa mno hata mlango haufungi sawasawa. Soketi ya nyaya iliyoota ukijani, na ndugu zetu wa Mombasa wanajua vile hewa ya chumvi inavyokula shaba. Na ile namba inayotolewa na kimashine haisemi sensa imekufa; hapo ndipo udanganyifu mkubwa ulipo. P0122 maana yake habari iliyofika kwenye kompyuta ni volti ndogo mno. P0123 maana yake ni volti kubwa mno. Waya wa volti 5 ukikatika, habari huanguka chini, utapata ile ya kwanza ingawa sensa ni nzima kabisa. Waya wa athi ukikatika, habari hupanda juu, utapata ile ya pili, na sensa bado ni nzima. Namba inakuonyesha mtaa wa kutafuta tu, nyumba hujaijua. Fundi anayesoma namba na kutuma mtu Kirinyaga Road kununua spea kabla hajafungua boneti, huyo ni karani wa duka.

Najua ndugu mmoja aliyekuwa akiendesha pikapu ya kampuni moja ya kupeleka mizigo. Jina la kampuni nitaliweka kando. Alikatwa mshahara kwa ajili ya sensa, na baada ya siku chache motokaa ikarudia kusitasita. Ikaletwa sensa ya pili, akakatwa tena, mara hii na onyo la kuandikwa. Mwishowe alikuwa fundi wa jua kali, mtu asiye na kimashine chochote ila mita ya mkononi, ambaye aliona kwamba volti 5 zinakuja na kupotea injini ikitikisika. Waya ulikuwa umesuguana na kipande cha chuma mpaka shaba ikawa nje. Alifunga waya vizuri, akautenga na chuma, kazi ikaisha. Sensa zote mbili za mwanzo zilikuwa hazina neno. Je, ile pesa ilirudishwa? Hata senti. Walisema hesabu za mwezi zimekwisha fungwa.

Basi na tuipime, maana hakuna siri, na mtu aliyesoma shule ya misheni mpaka kuhesabu desimali aweza. Washa swichi lakini usiwashe injini. Ingiza pini nyembamba nyuma ya soketi, kando ya waya. Usiutoboe mpira wa waya, maana kwenye tundu hilo maji yataingia na mwakani utakuwa na ugonjwa mwingine. Mguu mweusi wa mita uweke kwenye athi ya betri. Tafuta kwanza volti 5. Zikikosekana acha sensa pale ilipo, fuata waya; au huenda ni sensa nyingine inayokunywa katika mfereji huo huo wa volti 5 imeshika athi, nawe uzichomoe moja moja mpaka volti zirudi. Waya wa athi nao uonyeshe karibu na sifuri. Hayo mawili yakiwa sawa, nenda kwenye waya wa habari, ufungue throto kwa mkono polepole, polepole sana, kutoka mwanzo mpaka mwisho. Volti zipande bila kuruka wala kushuka. Zikianguka ghafla mahali fulani kisha zikainuka tena, hapo kaboni imekatika, na sasa una haki ya kusema sensa ni mbovu.

Neno moja juu ya mita. Mita ya tarakimu ni nzuri lakini ina uvivu; mkatiko wa nukta moja waweza kupita nayo isiuone. Ile mita ya zamani ya mshale, ambayo vijana wanaicheka, mshale wake hushtuka mara moja. Mzee mwenye nayo asiitupe. Tena gonga sensa taratibu kwa mpini wa bisibisi huku ukitazama, maana nyingine hukosea zikitikiswa tu.

Ikiwa kweli ni mbovu, kuibadilisha si kazi ya siku. Ondoa waya hasi wa betri. Bonyeza kishikio cha soketi uichomoe, usivute nyaya. Skrubu zile hukaza sana na kichwa chake ni laini, kwa hiyo tafuta bisibisi inayoingia sawasawa na uisukume kwa nguvu, la sivyo utakivuruga kichwa na kazi ya nusu saa itakuwa ya mchana mzima. Kabla hujalegeza, piga alama ya mkwaruzo kuonyesha sensa ya zamani ilikaa wapi. Mpya mara nyingi huingizwa kwenye shafti ikiwa imepinda kidogo, kisha huzungushwa dhidi ya springi yake mpaka matundu ya skrubu yakutane. Aliyeingiza upande usio wake ataona throto inakataa kufunga. Matundu yakiwa marefu, maana yake sensa hurekebishwa: rudisha betri, washa swichi, izungushe kidogo kidogo mpaka volti ya mguu juu iwe ile ya kitabu, ndipo ukaze. Yakiwa ya mviringo hakuna cha kurekebisha. Na ile skrubu ndogo ya kuzuia throto isifunge kupita kiasi, iacheni! Iliwekwa kiwandani. Mafundi wengi huizungusha kuficha ugonjwa.

Motokaa nyingi za sasa hazina kebo. Throto huzungushwa na mota, na ndani mna sensa mbili zinazochungana, na pedali nayo ina zake mbili. Zile za throto zisipokubaliana, namba P2135 hutoka, na kompyuta huinyima motokaa nguvu ili itambae tu hadi gereji. Hapo usitie kidole katika mlango wa hewa swichi ikiwa imewashwa, mota yaweza kukubana. Sensa hizo nyingi haziuzwi peke yake, huja na throto nzima, na bei yake ni ya kumfanya dereva akatwe miezi kadhaa. Kwa hiyo haja ya kupima kwanza ni kubwa zaidi hapo.

Mabwana watajibu kwamba kupima kunapoteza wakati na motokaa inatakiwa kazini. Kupima nilikokueleza ni kazi ya nusu saa kwa mtu mwenye mita. Pikapu ile ilirudi gereji mara tatu. Nani aliyepoteza wakati?

Na sitawaacha mafundi wenzangu, maana wengine ni wanachama wa vyama kama sisi. Mnajua kwamba karatasi mnayoandika, "sensa imeharibika", itakwenda ofisini na kutumiwa kama fimbo juu ya mfanyi kazi mwenzenu. Mwaandika hivyo kwa kuogopa kuonekana hamjui. Au kwa kuwa muuza spea ana chochote kwa ajili yenu. Andikeni mlichokipima. Kama hamkupima, andikeni kwamba hamkupima.

Sheria nayo ipo. Sheria ya Kazi ya mwaka 2007, kifungu cha 19, yamruhusu mwajiri kukata kiasi cha haki kwa uharibifu wa mali iliyo mikononi mwake, lakini uharibifu uliotokana na kosa la makusudi la mfanyi kazi. Makusudi, ndugu. Kaboni iliyolika kwa miaka haina makusudi, na waya uliosuguliwa na chuma hauna. Na bwana akitaka kumfukuza mtu kwa jambo kama hilo, kifungu cha 41 chasema lazima kwanza amweleze sababu kwa lugha anayoifahamu, na mtu huyo awe na mfanyi kazi mwenzake au mjumbe wa chama hapo kazini akisikiliza.

Kwa hiyo madereva, motokaa ikirudi gereji kwa neno hili, ombeni mambo mawili. Kipande cha zamani mpewe mkononi. Na vipimo vitatu viandikwe kwenye kitabu cha matengenezo pamoja na tarehe: volti zilizokuja, volti za habari mguu ukiwa juu, na volti za habari throto ikiwa wazi kabisa. Karatasi ya makato ikija bila namba hizo tatu msiitie sahihi. Ileteni kwa katibu wa tawi, na sensa yenyewe ifungeni katika gazeti mje nayo. Mita ya mshale ipo, tutaipima mbele yenu.

Ni mimi ndugu yenu,
Mfanyi kazi wa Karakana ya Reli, Nairobi