KARIAKOO INAJUA KITOVU NI NINI, WAKUBWA BADO WANAKATA UTEPE!

NDUGU msomaji, mwulize kijana yeyote anayepanga bidhaa zake pale Msimbazi au Mtaa wa Kongo: kwa nini mfanyabiashara atoke Lubumbashi, akatize Zambia, alale njiani, aje kununua Kariakoo mashati ambayo hayakushonwa Tanzania? Atakujibu bila kukuna kichwa. Kwa sababu hapa vitu vyote viko pamoja. Viatu vya China, simu za Dubai, vipuri, mabegi, vyombo vya ndani, kila kimoja kina mtaa wake, na mtaa mmoja unapakana na mwingine. Mkongo akishuka kwenye basi asubuhi, jioni ameshafunga mzigo.

Hicho ndicho kinachoitwa kitovu. Watu na mali kutoka pande zote hukutana mahali pamoja, hubadilishana, kisha hutawanyika. Hapa Kariakoo hatukufundishwa na mtaalamu yeyote wa kigeni. Hata jina lenyewe linatokana na kikosi cha wapagazi cha Waingereza wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, watu waliobeba mizigo kutoka hapa kwenda kule. Kazi ya kupokea na kusambaza iko kwenye damu ya mtaa huu.

Sasa tujiulize. Ikiwa walalahoi wa Kariakoo wanaelewa jambo hili, wakubwa wetu wameshindwa kulielewa kwa nini? Maana tumeambiwa kwa miaka na miaka kwamba Dar es Salaam itakuwa kitovu cha usafiri wa anga Afrika Mashariki. Uwanja umejengwa. Ndege zimenunuliwa. Ngoma zimepigwa. Lakini msafiri wa Lilongwe anayekwenda Mumbai bado anaitafuta ndege yake Addis Ababa au Nairobi.

HESABU YA DALADALA

Tuanze na hesabu, kwa sababu mambo haya yakiachwa kwenye hotuba yanageuka changa la macho.

Chukua miji 10. Ukitaka kila mji uwe na ndege ya moja kwa moja kwenda kila mji mwingine, unahitaji njia 45. Lakini ukichagua mji mmoja kati ya hiyo 10, ndege zote zikakutana hapo na abiria wakabadilisha, unahitaji njia 9 tu na kila mtu anafika aendako. Ukiongeza mji wa 11, unafungua njia moja na papo hapo umeuunganisha na miji yote 10. Ndiyo maana baada ya Marekani kuondoa udhibiti wa njia na nauli za ndege mwaka 1978, mashirika makubwa ya kule yalikimbilia mtindo huo, na Delta ikaukuza zaidi mji wa Atlanta kama njia panda ya nchi nzima.

Aliyepanda daladala haoni ajabu. Mtu wa Mbagala aendaye Mwananyamala hakuhitaji basi lake peke yake. Alishuka Kariakoo akadandia jingine. Na katika kule kushuka na kudandia, muuza maji alipata, muuza karanga alipata, mpiga debe alipata. Anayepita moja kwa moja hakuachii kitu. Anayeshuka kubadilisha gari ndiye anayenunua.

Ila ipo tofauti moja, na hapo ndipo wakubwa wetu wanapojikwaa. Daladala huondoka ikijaa, na ukiikosa hii unangoja ile. Ndege huondoka kwa saa. Kwa hiyo kitovu cha ndege hakiundwi na jengo. Kinaundwa na ratiba. Ndege lazima zifike kwa pamoja kama wimbi, zikae saa moja au mbili abiria na mizigo wabadilishane, kisha zitoke kwa pamoja. Ndege ya Lubumbashi ikifika saa nane mchana na ile ya Guangzhou imeondoka asubuhi, hapo huna kitovu. Una ndege mbili zinazotumia uwanja mmoja.

Na tusichanganye mambo. Uko mji ambao mashirika yanapeleka safari nyingi kwa sababu tu kuna wateja wa kwenda na kutoka hapo. Zanzibar ni mfano mzuri: mtalii anashuka, anaogelea, anarudi kwao. Hiyo ni biashara halali na Mungu aibariki. Lakini abiria habadilishi ndege pale kwenda kwingine. Dar es Salaam nayo, kwa mashirika ya kigeni, imekuwa kama kile kituo cha pembeni ambako daladala huja kuzoa watu na kuwapeleka stendi kubwa. Emirates anawazoa kwenda Dubai, Qatar Airways kwenda Doha, Ethiopian kwenda Addis. Hawatuibii. Wanafanya kazi yao. Anayelala ni mwenye nyumba.

ADDIS HAINA BANDARI

Kuna watakaosema nchi maskini haiwezi. Basi tuitazame Ethiopia.

Shirika lao liliundwa mwishoni mwa 1945 na lilianza kuruka 1946. Ni mali ya serikali, kwa hiyo wale wanaotuimbia kwamba dawa ni kuuza kila kitu kwa mgeni watafute wimbo mwingine. Nchi imepita katika mapinduzi, njaa na vita. Utawala wa Mengistu uliegemea Moscow, lakini shirika likaachwa liendeshwe kibiashara, na mwaka 1984 likapokea Boeing 767 kutoka kwa Wamarekani ambao redio ya serikali ilikuwa ikiwatukana kila siku! Baada ya Eritrea kujitenga 1993, Ethiopia ikabaki haina hata futi moja ya pwani.

Isitoshe, uwanja wa Bole uko zaidi ya mita 2,300 juu ya usawa wa bahari. Hewa ya huko ni nyepesi, ndege haiwezi kuruka na uzito wote inaoweza kubeba ikiwa chini, na safari zao za Marekani zimekuwa zikitua Dublin au Lomé kujaza mafuta. Dar es Salaam iko karibu na usawa wa bahari. Ina bandari. Ina Kariakoo. Mungu ametupa nini zaidi?

Siri ya Addis ni ile ile ya wimbi. Usiku ndege zinaondoka kwenda Ulaya na Asia, asubuhi zinarudi zimejaa, abiria wanagawanywa kwenye ndege za kwenda miji ya Afrika, jioni hizo nazo zinarudi kulisha zile za usiku. Siku nenda siku rudi. Dubai nako Emirates ilianza 1985 na ndege mbili za kukodi kutoka Pakistan. Ndege mbili, jamani! Sisi tunazo nyingi kuliko hizo.

TUMEANZA MARA NGAPI?

Enzi za East African Airways, makao makuu na karakana zilikuwa Nairobi. Jumuiya ilipovunjika 1977, Kenya ikaunda Kenya Airways ikiwa na kitovu mkononi tayari. Sisi tukaunda ATC mwezi Machi mwaka huo huo, tukianzia pembeni. Hilo hatukulitaka wenyewe, na ni haki lisemwe.

Lakini yaliyofuata ni yetu. KIA ilifunguliwa 1971 ili mtalii wa Kilimanjaro na Serengeti asipitie Nairobi. Uwanja ukawa mzuri, lakini watalii wengi wakaendelea kushuka Nairobi na kuingilia Namanga, kwa sababu ndege ziliwaleta Nairobi. Katikati ya miaka ya 1990 tukaingia ubia na Uganda na Afrika Kusini katika Alliance Air, kituo kikiwa Entebbe. Likafa mwaka 2000. Desemba 2002 South African Airways wakanunua asilimia 49 ya shirika letu kwa dola milioni 20, na ahadi ilikuwa ile ile: Dar itakuwa kitovu cha mashariki kama Johannesburg ilivyo kusini. Mwaka 2006 ndoa ikavunjika. Desemba 2008 shirika likapokonywa cheti cha kuruka kwa muda. Kufikia 2016 lilikuwa limebakiwa na ndege moja ya kuaminika.

Kisha zikaja fedha za mlipa kodi. Dash 8 mbili zikatua Septemba 2016, Dreamliner ya kwanza Julai 2018, Airbus A220 mwishoni mwa mwaka huo, ndege ya mizigo Boeing 767 Juni 2023. Jengo la tatu la abiria pale uwanja wa Julius Nyerere, lenye uwezo wa abiria milioni 6 kwa mwaka, likafunguliwa Agosti 2019. Safari za Mumbai, Guangzhou na Dubai zikaanzishwa, na kwa majirani Lusaka, Harare, Bujumbura, Lubumbashi na kwingineko.

Tusiwe wachoyo wa sifa: kwenye karatasi, hayo ni mafupa ya kitovu. Nyama iko wapi? Ripoti ya CAG ya mwaka wa fedha 2023/24 ilionyesha ATCL ilipata hasara ya Sh91.8 bilioni, kutoka Sh56.6 bilioni mwaka uliotangulia. Mwishoni mwa 2022 Airbus kadhaa zilikaa chini kwa kasoro ya injini. Kasoro hiyo iliyakumba mashirika mengine duniani, hatuikatai. Lakini kitovu kina ubaya huu: ndege moja ikichelewa, abiria anapoteza safari mbili. Akilala kwenye benchi mara moja, safari ijayo anapitia Addis. Na Desemba 2024 Umoja wa Ulaya ukaiweka ATCL kwenye orodha ya mashirika yasiyoruhusiwa kuruka katika anga yake kwa sababu za usalama. Juni 2025 ukaongeza mashirika yote yaliyopewa vyeti Tanzania. Nani aliwajibishwa? Au wapambe walikuwa wanashangilia wakati mwalimu anasahihisha mtihani?

Hata tunapogombana tunagombania hiki hiki. Januari 2024 mamlaka yetu ilitangaza kuizuia Kenya Airways isije Dar, kwa sababu Kenya ilikataa ndege yetu ya mizigo ichukue mzigo Nairobi kupeleka nchi ya tatu. Mambo yakasuluhishwa ndani ya siku moja. Sawa, haki tulikuwa nayo. Lakini mtu mwenye kitovu chake hang'ang'anii kupakia kwa jirani. Mizigo humfuata nyumbani.

KARIAKOO ITARUKWA

Kijana wa Kariakoo anaweza kusema: mimi sipandi ndege, haya yananihusu nini?

Yanakuhusu, tena sana. Yule Mkongo anakuja kwako kwa sababu wewe ndiye uliye kati yake na Guangzhou. Siku anapoona ni rahisi kupanda ndege Lubumbashi, kubadilisha Addis na kuamka China, atakwenda kununua kwa mwenye kiwanda. Atapitisha kontena lake bandarini kwetu bila yeye mwenyewe kukanyaga Mtaa wa Aggrey. Halali gesti, hali kwa mama lishe, halipi kuli, hakodi bajaji. Kitovu cha angani cha mwenzako kinakula kitovu chako cha ardhini, kidogo kidogo, na hutasikia kelele.

Mtu atauliza: je, akipitia Dar kwa ndege yetu, si atairuka Kariakoo vilevile? Hapana, kama tuna akili. Mpe tiketi inayomruhusu kulala Dar siku mbili bila nyongeza na bila usumbufu wa viza. Atalinganisha bei. Kuna mengi atakayoona hayana haja ya kuyafuata China, na akirudi atapitia hapa kujazia mzigo. Uwanja hauko mbali, ni kufuata Barabara ya Nyerere tu. Mwenye kushuka hununua, tumeshalisema hilo.

TUNACHODAI

Hatudai ndege nyingine. Tunadai mambo manne.

Kwanza, hesabu za kila njia ziwekwe hadharani: ipi inaleta faida, ipi inaleta hasara, na ipi ina hasara lakini inalisha nyingine. Ndege zimekuwa mali ya Wakala wa Ndege za Serikali, ATCL ikikodishiwa, na deni likizunguka humo humo serikalini. Mwananchi hawezi kujua nani anamla nani.

Pili, ratiba ipangwe kwa wimbi. Njia isiyounganika na nyingine, na isiyo na abiria wake yenyewe, ifungwe hata kama kuna kigogo anayetaka ndege itue kijijini kwake.

Tatu, bodi na menejimenti zichaguliwe kwa ujuzi wa kuendesha ndege na si kwa ujuzi wa kushangilia. Kama dikteta wa Addis aliweza kuiacha taaluma ifanye kazi yake, serikali inayojiita ya kidemokrasia inashindwaje?

Nne, wafanyabiashara wa Kariakoo waulizwe. Ndio wanaojua Mkongo anasafiri siku gani, Mkomoro anabeba nini, na Mzambia analia na nini mpakani. Hakuna mshauri wa kulipwa dola atakayewaeleza hayo.

Vijana wenzangu, wakija tena kuwaita mkashangilie ndege mpya uwanjani, nendeni, kiingilio ni bure. Lakini mkifika msiulize rangi ya ndege wala mnyama aliyechorwa mkiani. Ulizeni inaunganisha na nini, saa ngapi, na hasara ya mwaka jana nani ameilipa. Wakishindwa kujibu, jibu mnalo: mmeilipa ninyi.