Fenrir naye ana wapenzi wake!

Kila mtu na imani yake, lakini hii ya wiki hii ni kasheshe. Huko Ulaya ya Kaskazini na Marekani wapo watu wanaomwashia mishumaa mbwa mwitu aitwaye Fenrir, wengine wanamwekea na nyama!

Fenrir katoka kwenye dini ya zamani ya kina Odin na Thor, ile iliyozimwa na Ukristo karibu miaka 1,000 iliyopita. Wapo walioifufua, kule Iceland chama chao kilianzishwa 1972, na mwaka uliofuata serikali ikakitambua. Lakini hata humo wengi hawataki kumsikia Fenrir. Imetabiriwa kwamba siku ya Ragnarok, dunia ikifika mwisho, atammeza Odin mzima mzima.

Mkasa wenyewe aliuandika Snorri Sturluson wa Iceland, miaka ya 1220. Fenrir, mtoto wa Loki, alilelewa na miungu wenyewe. Alivyozidi kukua wakaingiwa na kiwewe, akabaki Tyr peke yake wa kuthubutu kumlisha. Wakaamua kumfunga. Minyororo miwili akaikata kama uzi! Ikaletwa kamba laini kama hariri, iliyotengenezwa kwa kishindo cha paka, ndevu za mwanamke, mizizi ya mlima, mishipa ya dubu, pumzi ya samaki na mate ya ndege. Wakamwambia ni mchezo tu, akishindwa watamfungua. Fenrir si mjinga bwana, akataka mmoja wao aweke mkono mdomoni mwake kama rehani. Wote kimya. Tyr akauweka. Kamba ikakaza, wenzake wakaangua kicheko, Tyr hana mkono.

Wapenzi wa Fenrir wanashikilia hapo hapo: alifungwa kwa kosa ambalo hajalifanya, tena na waliomlea. Aliyekulia nyumba ya kuitwa balaa kila siku anamwelewa haraka. Wapo wanaosema kwake wamejifunza kukaa na hasira zao bila kuzionea haya. Wapinzani nao wanauliza, unayemwomba huyu si unaomba kamba ikatike tufe wote? Halafu hakuna ushahidi kwamba hata watu wa kale walimwomba.

Mie nikiulizwa, anayeniuma ni Tyr. Mnyama alimlisha yeye, na siku ya kumdanganya likamwangukia yeye. Na alipounyoosha ule mkono alikuwa anajua fika kwamba Fenrir hatafunguliwa.