Kichwa cha Mangi Meli na Kitanzi Chetu

Filamu fupi ya michoro, Mangi Meli Remains, iliyotoka mwaka 2018, yasimulia habari za Mangi Meli wa Moshi ya Kale. Wajerumani walimnyonga tarehe 2 Machi 1900 pamoja na viongozi wenzake wa Wachaga, Wameru na Waarusha. Ukoo wake husimulia kwamba kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani. Mjukuu wake, Mzee Isaria Meli, alikidai kwa miaka mingi ili kizikwe nyumbani. Hapa Nyamuswa nani asiyelielewa dai hilo? Ukoo usiomzika mtu wake hauwezi kuanua matanga.

Lakini, ndugu waamini, adhabu ya kunyongwa tuliyoirithi kwa wakoloni ingali katika sheria zetu, ijapokuwa haijatekelezwa tangu miaka ya 1990. Mwaka 2018 Papa Fransisko aliagiza Katekisimu itamke kuwa adhabu ya kifo haikubaliki. Twawasikia baadhi yetu wakisema kwamba wauaji wa vikongwe wanastahili kitanzi. Uchungu wao ni wa haki. Hata hivyo, Meli naye alihukumiwa kama mhalifu.

Tunawaomba viongozi wa Jumuiya Ndogo Ndogo walijadili jambo hili wakati wa Kwaresima, na waliofiwa wapewe nafasi ya kusema kwanza.