Taishokoto Yataka Warithi

Kuna wasemao kuwa taishokoto si ala yetu, na kwa hivyo ikitoweka katika taarabu hapana hasara. Mimi sikubaliani nao.

Ni kweli asili yake ni Japani. Ilibuniwa Nagoya mwaka 1912, na jina lake latokana na enzi ya Taisho iliyoanza mwaka huo. Ni sanduku refu la nyuzi, lina vitufe mfano wa taipureta: mkono wa kushoto hubonyeza, wa kulia hupiga nyuzi. Bara Hindi waliipokea wakaiita bulbul tarang, nasi wa Mwambao tukaipata. Mombasa ikatiwa umeme, na sauti yake kali ikapenya vigelegele na ngoma za chakacha. Asiyeijua na amsikilize Zuhura Swaleh.

Wajapani wenyewe wamefanya vivyo hivyo. Kundi la Guitar Wolf, lililoanza huko mwaka 1987, lilichukua gitaa la umeme na roki ya Marekani, likaipiga kwa kishindo na mikwaruzo hata ikawa yao. Nani atawaambia warudishe gitaa? Na udi uliotoka Arabuni, je, tuurudishe? Ala ni ya aliyeifundisha kusema lugha yake.

Hofu yangu ni nyingine. Katika harusi za Diani na Msambweni naona kinanda cha umeme kimeshika pahala pa ala nyingi. Simlaumu mwenye harusi. Kulivusha kundi zima feri ya Likoni ni gharama. Lakini kinanda huiga sauti zote, na mwenye kuiga wote hana sauti yake.

Wengine hujiliwaza kuwa nyimbo zimo kwenye kanda na intaneti. Hasha, silinganishi Kitabu na muziki. Nasema juu ya njia ya kufundisha tu. Sisi tuliosoma chuoni twajua kuwa msahafu peke yake haukutosha. Mwalimu alitamka herufi, tukamtazama mdomo, tukarudia mpaka ikatoka mahali pake. Vidole vya mpiga taishokoto navyo hutaka kutazamwa.

Basi mafundi waliosalia watafutwe, walipwe, wafundishe vijana wa Kwale, japo wawili watatu. Na mwenye harusi mwenye uwezo aiweke taishokoto moja kando ya kinanda. Ujira wa usiku ule ndio utakaomfanya kijana aone faida ya kujifunza.