Mwigizaji wa Kakuma asifungiwe katika ukimbizi

Kwa miaka mingi watazamaji wa runinga nchini Kenya walimcheka Mzee Ojwang' katika Vitimbi, na si wachache walioamini kuwa ni Mluo aliyejisemea Kiswahili alivyojaliwa. Kumbe mwenyewe alikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu, aliyefariki mwaka 2015. Lafudhi ile hakuzaliwa nayo. Aliisikiliza, akaichunguza, akaimudu kama seremala amudivyo randa. Huo ndio uigizaji: kuingia katika nafsi isiyokuwa yako.

Nimemkumbuka marehemu kwa sababu ya vijana wa Turkana. Kambi ya Kakuma, iliyoko kiasi cha kilomita 120 kutoka Lodwar, ilianzishwa mwaka 1992, walipowasili wavulana waliotembea kwa miguu kutoka Sudan. Kisa chao kilizaa filamu ya The Good Lie mwaka 2014. Hata hivyo, kambi inayoonekana humo si Kakuma yenyewe, kwani filamu hiyo ilipigwa Afrika Kusini na katika jimbo la Georgia, Marekani.

Mmoja wa waigizaji wake ni Ger Duany, aliyekimbia vita akiwa mtoto, akapitia kambi ya Dadaab, kisha akahamia Marekani mwaka 1994. Filamu yake ya kwanza ilikuwa I Heart Huckabees ya mwaka 2004. Humo alicheza nafasi gani? Mkimbizi kutoka Sudan. Miaka kumi baadaye, katika The Good Lie, alicheza nafasi gani? Mkimbizi kutoka Sudan.

Sibezi kazi hizo. Zimewafunza wengi mateso ya vita, naye mwaka 2015 aliteuliwa balozi mwema wa Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi. Lakini mtu anayeajiriwa kwa ajili ya majeraha yake huthaminiwa kama shahidi kuliko fundi. Wanjau aliruhusiwa kuwa mtu mwingine. Duany alitakiwa arudie kuwa yeye mwenyewe.

Hofu yangu ni kwamba kijana wa Kakuma ameandaliwa mlango huo huo mwembamba. Kambini humo shirika la FilmAid limewahi kuwaonyesha wakimbizi filamu na kuwafunza vijana kuzitengeneza. Vipawa vipo, na masikio pia. Mtoto aliyekulia pale husikia Kiturkana, Kidinka, Kinuer, Kisomali, Kiarabu na Kiswahili kabla hajafikia ujana. Kwa mwanaisimu, huo ni utajiri. Kwa mwigizaji, ni mtaji. Jirani yake wa Lodwar naye asisubiri mpaka hadithi yataka mfugaji aliyekumbwa na ukame ndipo aitwe.

Dawa haihitaji mamilioni. Walimu wa Turkana wanaotayarisha michezo ya kuigiza ya shule na wabadilishe nafasi. Mwanafunzi mkimbizi na awe hakimu, chifu au tajiri wa Nairobi. Mturkana na awe mkimbizi anayebisha hodi usiku. Wenyeji na wageni wa Kakuma wamegombania kuni na maji mara nyingi. Atakayelazimika kujifunza lafudhi ya jirani yake, neno kwa neno, hatamwona tena kama mzigo.

Mgeni njoo, mwenyeji apone, walisema wahenga. Jukwaani, na apone pia mgeni.