Wito Ulimfikia Nani?

Kudai, kama alivyodai mwandishi wa makala ninayoijibu, kwamba mrufani asiyefika mahakamani hana haja na haki yake ni kumhukumu mtu bila kumsikiliza. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania, Amri ya 39, Kanuni ya 17, inasema mahakama inaweza kuifuta rufaa, haisemi lazima. Kanuni ya 19 inamruhusu mrufani kuomba irejeshwe akionyesha sababu ya kutosha. Mwandishi ameziruka zote mbili.

Hebu aifuate hati ya wito: inaachwa kwa mtendaji wa kijiji, inalala mezani, mjane anayegombea shamba la marehemu anaipata tarehe imeshapita na rufaa yake imefutwa. Sasa atafute nauli na wa kumwandalia kiapo, huku mjibu rufaa akikazia hukumu. Kabla ya kufuta, mahakama idai kuiona saini ya aliyepokea wito.