Wimbi la Wakati Lina Kwao

Katika hadithi za kubuni za siku hizi limo janga ambalo halimo katika kitabu chochote cha elimu ya maumbile: wimbi la wakati. Huzuka bila ya ishara, likapita juu ya nchi kama dhoruba ipitavyo juu ya bahari. Limgusaye humzeesha kwa kupepesa jicho, au humrudisha utotoni, au humtupa katika karne isiyo yake. Wapo wahakiki wanaolikunjia uso. Kwao wimbi hilo ni bidhaa ya sinema za ng'ambo, na mwandishi wa Kiswahili anayelichukua amevaa kanzu ya kuazima. Husema wanaulinda utamaduni. Kwa kweli wanaupokonya mali yake.

Hoja hii ina mzee wake. Mwaka 1969 John Mbiti, mwanatheolojia wa Kenya, alichapisha kitabu juu ya dini na falsafa za Kiafrika, akadai ndani yake kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati una pande mbili tu: uliopita, ulio mrefu, na uliopo. Ujao karibu haupo. Ukirefushwa sana hauzidi miaka miwili. Ushahidi wake aliuchota katika vitenzi vya Kikamba na Kikuyu, lakini majina ya pande hizo mbili aliyachukua katika Kiswahili: Sasa na Zamani. Mbiti alikuwa mtu wa heshima, na kazi yake ilizitetea dini za Kiafrika mbele ya waliozidharau. Heshima hiyo haizuii swali: aliyekopa Sasa na Zamani, mbona Kesho aliiacha dukani?

Nayo Kesho haikuwa peke yake. Mswahili anayo kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Kila siku ijayo imepewa jina lake kama mtoto anayesubiriwa. Nahodha aliyeteremka na Kaskazi alikuwa ameshapanga kurudi na Kusi. Mkulima wa Pemba apandaye mche wa mkarafuu hungoja miaka kadhaa kabla ya kuchuma, na mti huo huishi ukawazika yeye na wanawe. Miaka miwili ya Mbiti haimtoshi hata kuliona chipukizi la kwanza la karafuu.

Atasema mtu: hiyo ni pwani, bara ni mambo mengine. Basi na aende bara. Aende Tosamaganga, katika nyanda za juu za Iringa. Jina la mahali hapo, kwa maelezo yanayojulikana sana, ni la Kihehe na linahusu kurusha mawe. Sikio la pwani, lililozoea kutosa kitu majini, litasikia jiwe likizama na mawimbi yakitawanyika. Si mbali na hapo lipo korongo la Isimila. Maji yalilikata korongo hilo, yakaacha nguzo ndefu za mchanga na udongo, na chini yake yakafunua zana za mawe zilizochongwa na mikono ya watu zaidi ya miaka 200,000 iliyopita. Ziligunduliwa mwaka 1951, na wataalamu wakachimba hapo mwaka 1957 na 1958. Mvua inyeshapo juu ya ardhi ya namna hii haioshi vumbi tu, hufukua wakati. Mwandishi akibuni nchi ambamo dhoruba huwakutanisha watu wa enzi mbili, ameazima nini ng'ambo?

Mfuasi wa Mbiti atajibu kwamba mawe hayo ni Zamani tupu. Na ajongee Kalenga, jirani na Tosamaganga. Mtwa Mkwawa alijiua mwaka 1898 asitiwe mikononi mwa Wajerumani. Kichwa chake kikakatwa na kuchukuliwa. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 uliitaka Ujerumani iikabidhi serikali ya Uingereza fuvu hilo katika muda wa miezi sita. Fuvu lililotambuliwa kuwa lake lilirudi mwaka 1954, likapokewa na mjukuu wake, Adam Sapi, aliyekuja kuwa Spika wa Bunge. Ilikuwa miaka 56 baada ya kifo, na miaka 35 baada ya ahadi ya miezi sita. Hapo aliyeshindwa kuupima wakati ujao ni nani: mjukuu aliyepokea, au wenye kalenda walioandika miezi sita? Wimbi lililoanza kwa mlio wa risasi mmoja lilikuja kupasukia mikononi mwa mtu ambaye siku ya risasi hiyo alikuwa hajazaliwa.

Riwaya ya Kiswahili nayo imekwisha kuogelea katika maji haya. Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, aliuvunja mpangilio wa kawaida wa wakati katika *Nagona* (1990) na *Mzingile* (1991). Said Ahmed Mohamed, mzaliwa wa Pemba, alimrudisha marehemu katika *Babu Alipofufuka* (2001) ili amkabili mjukuu aliyelewa madaraka. Hakuna kati yao aliyevuka bahari kuomba ruhusa.

Wahakiki wana haki katika jambo moja. Wimbi lisilo na kanuni ni pambo. Likiweza kumzeesha yeyote, popote, kwa matakwa ya mtunzi tu, halimtishi msomaji. Bahari yenyewe ina bamvua na maji mafu, na mvuvi huzijua siku zake. Mtunzi asiyejua wimbi lake linatoka wapi, linapasukia wapi na linamwonea nani, na akosolewe kwa hilo. Asikosolewe kwa kuthubutu.

Kwani jambo lililo hatarini hapa si mtindo wa riwaya. Watu wanaoambiwa kwamba hawana wakati ujao hupangiwa huo ujao na wengine, kisha hudaiwa shukrani. Kijana wa Tosamaganga au wa Wete aandikaye leo juu ya wimbi la wakati amesimama juu ya ardhi yake, na anasema lugha yenye mtondogoo. Mhakiki na amsome kwanza, azipime kanuni za wimbi lake kama apimavyo vina na mizani ya shairi. Likipwaya, aseme limepwaya. Asiseme si letu.